Chini ya Usimamizi

Barua ilifika Jumatatu, imekunjwa mara tatu,
bahasha moja na risiti za amoksilini.
Niliisoma nimesimama, kiwiko juu ya kaunta:
fundi dawa sanifu ataruhusiwa kuchanja
endapo amehitimu mafunzo,
endapo mteja ametimiza miaka kumi na minane,
endapo ipo karibu dawa ya kutuliza mzio wa ghafla,
na endapo yuko chini ya usimamizi wa mfamasia.

Endapo nne. Nilizihesabu kama ninavyohesabu vidonge,
kwa ncha ya kisu, kwenye sahani.

Mafunzo ninayo. Siku tano Mtwara mjini
tulichoma machungwa mpaka yakavuja,
mkufunzi akipita nyuma yetu:
"Mkono usifikiri. Mkono ujue."
Adrenalini ninayo, rafu ya juu, tarehe haijapita.
Friji ninayo. Nyuzi nne asubuhi, nyuzi tano adhuhuri,
naandika daftarini hata siku ya Idi.
Mfamasia ndiye sina.
Bwana Hokororo anakaa mjini, kilomita karibu mia,
ana maduka manne ya kusimamia na goti moja bovu.
Tandahimba huja kwa muhuri.

Jumatano akaingia Mfaume Nanguka,
kope nyeupe kwa salfa ya kupulizia mikorosho,
suruali imepanda, damu imeshuka.
Mbwa. Hakuna anayemjua ni wa nani.
Nilimkalisha kwenye ndoo iliyopinduliwa,
nikaosha kidonda kwa sabuni, robo saa nzima kwa saa ya ukutani,
maji ya kununua, dumu zima.
Kuosha hakuna endapo.

"Chanjo unayo?"
"Ninayo."
"Basi wewe una sindano, mimi nina mguu."
"Kwanza ni begani, si mguuni."
"Na bega ninalo."

Nikampigia Bwana Hokororo.
Akasema, "Niko na wewe, binti, niko na—"
mtandao ukamla.
Nikabaki na simu sikioni, nikijiuliza
kama sauti ni usimamizi,
kama nusu ya sauti ni nusu ya usimamizi.
Barua haikusema.

Kuna kitu sikumwambia Mfaume.
Nilipokuwa darasa la sita, mjomba wangu alichomwa homa yake
nyuma ya duka, na kijana aliyeuza pia betri na kanga.
Bomba lilichemshwa kwenye sufuria ya chai.
Mpaka leo mjomba anatembea kama anayevuka mtaro
usioisha.
Kwa hiyo siwezi kuicheka barua.
Najua iliandikwa juu ya paja la nani.

Nikafunga duka. Barafu, kikasha, kipimajoto,
sisi wawili nyuma ya bodaboda,
deli katikati yetu kama mtoto,
hadi kituo cha afya, kwa nesi Tekla Nandonde.
Alisoma kadi, akapangusa bega, akachoma.
Hata kupepesa sikuwahi.
Mkono wangu uliujua kila mwendo wake;
kidole gumba kilisogea chenyewe, mfukoni.

Mfaume akashusha mkono wa shati:
"Tofauti yako na yake ni ipi?"
Tekla akacheka. Mimi nikafunika deli.

Usiku nimeandika majibu ya barua, ukurasa mmoja.
Nauliza usimamizi unapimwa kwa nini:
kwa macho, kwa simu, kwa nauli?
Nimesema sheria naitaka, tena naitaka kali,
ila iwe na mtu ndani yake
ninayeweza kumgongea mlango.
Nimepiga muhuri. Wino hafifu.

Daftari la friji: nyuzi nne. Dozi za Nanguka zilizobaki, zote zipo.
Ya pili ni siku ya tatu, Jumamosi.

Jumamosi Tekla hayupo.